Anayeruti Simu Hajikomboi

Kuna rai iliyozagaa kwenye vibanda vya mafundi simu wa Kariakoo na Luthuli Avenue, kwenye mabweni ya vyuo, na kwenye video za mafunzo ambazo vijana huzitazama usiku bando likiwa nafuu. Rai yenyewe ni hii: simu ya Android ambayo haijarutiwa ni simu ya kuazima. Umeinunua kwa fedha zako lakini mtengenezaji amebaki na funguo. Iruti, nayo itakuwa yako kikweli. Itakuwa nyepesi, itakaa na chaji, matangazo yatakoma, na programu usizozitaka zitaondoka. Kuhusu hatari, utaambiwa kwamba hivyo ni vitisho vya makampuni na woga wa wasiojua.

Naipinga rai hii tangu mzizi wake. Wengi wanaoiamini ni watu wenye simu moja tu, na ndani ya simu hiyo moja mna akiba yao, biashara yao, picha za vitambulisho vyao na siri za watu waliowaamini. Mtu wa namna hiyo akipotoshwa, hana simu ya pili ya kukimbilia.

Wanachokisema, kwa haki yake

Kwanza niieleze rai hiyo kama watetezi wake wanavyoieleza, bila kuipunguzia nguvu.

Android imejengwa juu ya Linux, na katika Linux yupo mtumiaji mmoja aliye juu ya wote. Namba yake ni 0, mafundi humwita ruti, na hakuna faili asiloweza kulisoma, kulibadili au kulifuta. Simu inapotoka kiwandani mtumiaji huyo yumo, lakini mnunuzi hapewi mamlaka yake. Kuruti ni kuyatwaa mamlaka hayo. Njia ni mbili: kufungua butiloda, yaani ile programu ndogo inayoamka kwanza simu inapowashwa, kisha kuweka programu ya kuruti, Magisk au inayofanana nayo, au kupenya kupitia dosari ya usalama iliyomo ndani ya simu yenyewe.

Watetezi wana malalamiko ya kweli. Simu nyingi za bei nafuu huja zimejaa programu ambazo mnunuzi hakuziomba na ambazo hazina kitufe cha kuziondoa. Masasisho ya usalama hukoma mapema, wakati mwingine kabla mnunuzi hajamaliza kulipa mkopo wa simu. Historia pia iko upande wao kidogo: kabla ya Android 4.0 ya mwaka 2011, hata kupiga picha ya kioo cha simu kulihitaji ruti kwenye simu nyingi. Na wanaosema kuruti ni uhalifu wamekosea. Marekani kwenyewe, tangu mwaka 2010, msamaha chini ya sheria ya hakimiliki umemruhusu mwenye simu kuvunja kufuli za namna hiyo, na msamaha huo umekuwa ukihuishwa tangu hapo.

Kwa hiyo simwiti mhalifu anayeruti simu yake. Ninachosema ni kwamba amepotoshwa kuhusu anachokipata na kuhusu anachokilipa. Nitazichukua hoja zake moja baada ya nyingine.

1. "Simu ikirutiwa inakuwa yako"

Usalama wa Android unasimama juu ya utengano. Kila programu inayowekwa hupewa namba yake ya mtumiaji na eneo lake, na programu jirani haiwezi kuchungulia humo. Ni kama nyumba ya kupanga ya vyumba sita: ua ni wa wote, lakini kila mpangaji ana kufuli lake, na mmoja wao akiwa mwizi hawezi kuingia chumbani kwa wenzake. Ruti ndiye mwenye bunda la funguo zote.

Sasa tazama kinachotokea baada ya kuruti. Bunda hilo halikai mfukoni mwako peke yako. Kila programu inayohitaji ruti inakuomba, nawe unabonyeza "ruhusu", maana hiyo ndiyo sababu uliyorutia. Tangu hapo simu haijui tena tofauti kati yako na programu hiyo. Uliyoipa ruti ili izuie matangazo inaweza pia kufungua mazungumzo yako ya WhatsApp. Uliyoipa ili ihifadhi nakala za data inaweza pia kusoma ujumbe wa benki. Aliyeiandika humjui, na akiiuza kwa mwingine hutaulizwa. SuperSU, iliyokuwa kwa miaka kadhaa lango kuu la ruti kwenye simu za Android, ilitangazwa mwaka 2015 kuwa imehamia kwa kampuni iitwayo CCMT. Waliokuwa wameiamini kwa sababu ya sifa za mwandishi wake wa kwanza waliamka na kukuta mlinda lango mwingine.

Wapo watu wanaoujua mfumo huu kuliko yeyote kati yetu, na wao wameshaamua. CyanogenMod ndio uliokuwa mradi mkubwa kabisa wa wapenzi wa kubadili mfumo wa Android. Mwaka 2012, katika toleo lake la 9, uliacha kutoa ruti ikiwa wazi tangu mwanzo, na waliouongoza walieleza kwamba kuiacha wazi kwa kila mtumiaji ni pengo la usalama. LineageOS, iliyorithi kazi hiyo mwishoni mwa 2016, haiji na ruti. GrapheneOS, mfumo uliojengwa mahususi kwa ajili ya usalama kwenye simu za Pixel, unawashauri watumiaji wake wasiruti kabisa. Hawa si mawakala wa makampuni ya simu. Ni watu waliotoa miaka yao kuwapa wanunuzi uhuru, wakagundua kwamba ruti iliyo wazi haiwapi.

2. "Inakuwa nyepesi na inakaa na chaji"

Hoja hii inaishi kwa kumbukumbu za zamani. Mengi yaliyowahi kuhitaji ruti leo yamo ndani ya simu. Kuzima programu iliyokuja na simu kumewezekana tangu Android 4.0, na nyingi ya zile zinazogoma huondolewa kwa kompyuta, waya wa USB na amri za adb, bila ruti. Kuzilaza programu wakati simu imetulia ili kuokoa chaji kulikuja na Android 6 mwaka 2015. Kuweka DNS binafsi, ambayo inaweza kuzuia matangazo mengi kwenye simu nzima, kulikuja na Android 9 mwaka 2018. Kurekodi kioo kulikuja na Android 11 mwaka 2020. Anayeruti leo kwa ajili ya mambo haya analipia kilichomo mfukoni mwake tayari.

Ama kuhusu kasi, tuseme wazi kinachofanyika. Kuongeza mwendo wa prosesa kupita kipimo cha kiwanda huongeza joto, na joto ndilo adui mkubwa wa betri. Programu zinazojinadi kwamba zinasafisha RAM huziua programu nyingine ambazo Android imeziacha kwenye kumbukumbu kwa makusudi ili zifunguke haraka. Kila zinapouawa simu hulazimika kuzianzisha upya, na chaji ndiyo inayogharamia. Simu ya miaka 3 huwa nzito kwa sababu zinazojulikana: hifadhi imejaa video za makundi ya WhatsApp, betri imechoka, na programu zimenenepa kupita uwezo wa kifaa. Hakuna hata moja kati ya hizo inayoponywa na ruti. Kufuta, kubadili betri na kuirudisha simu katika hali ya kiwanda baada ya kuhifadhi data kunafanya kazi zaidi, na hakumpi mgeni funguo za nyumba.

3. "Kuna programu ya kubofya mara moja tu"

Hapa ndipo rai hii inapokuwa na madhara makubwa, maana hii ndiyo njia inayofuatwa na asiye fundi.

Programu inayoruti simu kwa mbofyo mmoja, bila kufungua butiloda, haifanyi muujiza. Inatumia dosari ya usalama. Inaivamia simu yako kwa njia ileile ambayo mvamizi angeivamia, na kama inafaulu basi umethibitishiwa kwamba simu yako iko wazi kwa yeyote mwenye ujuzi uleule. Simu ya kwanza ya Android iliyouzwa, HTC Dream ya mwaka 2008, ilikuwa na kasoro ya namna hii: kila ulichoandika kwa vitufe vyake kilipelekwa pia kama amri kwa mtumiaji wa ruti, hata mtu akiandika neno la kuizima na kuiwasha simu katikati ya mazungumzo, simu ilitii. Wapenzi wa kuruti walifurahi. Google iliharakisha kuiziba, na ilikuwa sahihi kufanya hivyo.

Juni 2014 mdukuzi mashuhuri George Hotz alitoa Towelroot, iliyotumia dosari ndani ya kiini cha Linux. Ilisifiwa kila mahali kwa urahisi wake. Haikupita miaka mingi dosari hiyo ikawa silaha ya wahalifu. Novemba 2016 kampuni ya usalama ya Check Point ilieleza kuhusu programu hasidi iliyopewa jina la Gooligan, iliyokuwa ikizipata simu za Android 4 na 5, ikaziruti yenyewe kwa dosari zilezile, Towelroot ikiwamo, kisha ikaiba vibali vya kuingilia akaunti za Google. Akaunti zilizoingiliwa zilizidi milioni 1.

Usidhani mambo haya ni ya mbali. Aprili 2017 Google na kampuni ya Lookout walitoa taarifa juu ya Chrysaor, programu ya ujasusi waliyoihusisha na NSO Group ya Israel. Ilitumia mbinu zilizojulikana kwa jina la Framaroot, ambayo wapenzi wa kuruti walikuwa wakiipakua wenyewe kwa hiari. Simu zilizokutwa nayo zilikuwa chache, pungufu ya dazeni tatu duniani kote, lakini katika orodha ya nchi zilimopatikana zilikuwamo Kenya na Tanzania.

Hebu tutafakari ukinzani uliopo hapa. Mtetezi wa kuruti anadai masasisho ya usalama kwa mdomo, lakini chombo chake cha kubofya mara moja kinahitaji simu isiyosasishwa. Anataka simu ilindwe, na anaombea isilindwe mpaka amalize kazi yake.

4. "Mimi sina cha kuibiwa"

Hoja hii huweza kusemwa Ulaya na mtu anayeweka fedha zake kwenye kadi na simu yake ikawa ya picha tu. Kwetu haisemeki. M-Pesa ilianza Kenya mwaka 2007, ikaja Tanzania mwaka 2008, na tangu hapo simu imekuwa pochi, kitabu cha hesabu na dirisha la benki kwa mamilioni ya watu ambao hawajawahi kumiliki kadi.

Mjuzi atajibu kwamba M-Pesa inakaa kwenye laini, na menyu ya *150*00# au *334# hufanya kazi hata kwenye simu iliyorutiwa. Ni kweli, inafanya kazi. Lakini namba ya siri unaiandika kwa kidole juu ya kioo, na mwenye mamlaka ya ruti anaweza kusoma kila mguso wa kidole hicho, kupiga picha ya kioo bila wewe kuona, na kuufuta ujumbe wa muamala kabla hujausoma. Laini haiwezi kukulinda dhidi ya simu ambayo imeshikwa na mwingine.

Na hasara haikomei kwa mwenye simu. Mweka hazina wa kikoba ana fedha za wanachama. Wakala ana fedha za mtaa. Mwalimu ana namba za wazazi wa darasa zima. Muuguzi ana picha ambazo wagonjwa walimtumia kwa kumwamini. Akiruti simu yake kwa ajili ya kuzuia matangazo, amewawekea rehani watu ambao hawakuulizwa.

Tena kuna jambo ambalo watetezi huliruka. Programu nyingi za benki hukataa kufunguka kwenye simu iliyorutiwa, kwa kutumia huduma ya Google inayokagua kama mfumo umebadilishwa. Jibu la wapenzi wa ruti ni kuongeza moduli zinazoificha ruti ili benki isiione. Kwa maneno mengine, mtu aliyeruti kwa jina la uwazi na umiliki anaanza maisha ya kujificha: kila Google inapoboresha ukaguzi wake, naye anatafuta moduli mpya kutoka kwa mtu asiyemjua, akiipa ruti na hiyo pia. Siku fedha zikipotea, atakwenda benki kudai akiwa mtu aliyeificha hali ya simu yake kwa makusudi. Nani atamsikiliza?

5. "Ikiharibika fundi atairudisha"

Baadhi ya mambo hayarudi. Kufungua butiloda kwenye simu nyingi hufuta kila kilichomo, na hatua hiyo ni ya ulinzi: isipokuwapo, mwizi angeifungua simu aliyoiiba na kusoma kila kitu. Kwenye simu za Samsung zenye mfumo wa ulinzi wa Knox, tangu mwaka 2013, kuweka mfumo usiotambulika huunguza fyuzi ya kielektroniki ndani ya simu. Fyuzi hiyo hairudi. Folda Salama, sehemu ya Samsung ya kufungia faili za siri, haifanyi kazi tena, hata ukiirudisha simu kwenye mfumo wa kiwanda. Masasisho nayo hukwama: tangu Android 5.0, sasisho hukagua kama sehemu ya mfumo iko kama ilivyotoka kiwandani, na ikikuta imeguswa linagoma. Hivyo aliyeruti simu kwa sababu masasisho ni machache huishia kuyakosa hata hayo machache.

Kisha kuna suala la IMEI, yaani namba ya utambulisho wa simu, ambalo mafundi wanalijua vizuri na wateja hawaambiwi. Kwenye simu nyingi za prosesa za MediaTek, ambazo ndizo zimejaa katika soko letu la bei nafuu, kuflash, yaani kuuandika upya mfumo wa simu, kwa pupa kunaweza kufuta sehemu ya hifadhi inayobeba IMEI. Simu inawaka, lakini inaonyesha kwamba IMEI si halali na mtandao haushiki. Fundi asiye mwadilifu "atairudisha" kwa kuandika namba yoyote aliyo nayo. Hapo mteja ametoka kwenye uharibifu na kuingia kwenye kosa la jinai, maana Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya Tanzania ya mwaka 2010 inakataza kubadili namba hiyo. Na anayedhani IMEI haifuatiliwi akumbuke Juni 2016, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA) ilipozizima simu bandia usiku mmoja. Kenya ilikuwa imefanya hivyo mwaka 2012.

6. "Hata kiwandani simu huja na virusi"

Hii ndiyo hoja nzito kuliko zote, na inastahili jibu zito.

Ni kweli kwamba imewahi kutokea. Agosti 2020 ilifahamika kwamba simu za Tecno W2 zilizouzwa Ethiopia, Kamerun, Misri, Ghana na Afrika Kusini zilikuwa na programu hasidi za Triada na xHelper tangu zilipotoka kwenye boksi. Programu hizo ziliwaunganisha wanunuzi na huduma za kulipia bila wao kujua, na salio lao likayeyuka. Kampuni ya Upstream ilisema ilizuia miamala ya kutiliwa shaka milioni 19.2 kutoka kwenye simu zaidi ya 200,000 tangu Machi 2019. Transsion, kampuni mama ya Tecno, ilisema tatizo liliingizwa na mtoa huduma katika mnyororo wa ugavi, na kwamba ilitoa marekebisho.

Kutokana na hayo mtetezi wa kuruti anahitimisha: basi turuti tusafishe wenyewe. Lakini tazama xHelper ilikuwa na nguvu gani. Aprili 2020 Kaspersky ilieleza kwa nini haikuondoka hata simu iliporudishwa katika hali ya kiwanda: ilikuwa imejipatia ruti na kujichimbia katika sehemu ya mfumo, mahali ambapo mtumiaji wa kawaida hafiki. Yaani kilichowaumiza wanunuzi wale ni mamlaka ya ruti mikononi mwa mtu asiyejulikana. Haiwezekani dawa ya jeraha hilo iwe kuyagawa mamlaka hayohayo kwa watu wengine wasiojulikana. Mwenye simu iliyokuja na uchafu anastahili kurejeshewa fedha au kupewa simu safi. Akiiruti, mara nyingi anapoteza dhamana, na muuzaji anapata sababu ya kumfukuza dukani.

Hasira ielekezwe wapi

Malalamiko ni ya kweli. Dawa ndiyo ya uongo. Na dawa ya uongo ina madhara ya pili: inamwondolea mtengenezaji shinikizo. Kila anayeruti kimyakimya amekubali kwamba tatizo la simu aliyouziwa ni lake yeye na fundi wake, na kwamba aliyemuuzia hana la kujibu.

Mwanafunzi wa uhandisi mwenye simu ya majaribio, isiyo na laini wala akaunti, aruti ajifunze. Hiyo ni maabara yake. Wengine wote tuna madai ya kudai. Simu haiingii sokoni kihalali bila idhini ya TCRA kwa Tanzania au ya Mamlaka ya Mawasiliano kwa Kenya. Idhini hiyo inapima mawimbi na ubora wa kifaa. Iulize pia masasisho ya usalama yatatolewa kwa miaka mingapi, na jibu liandikwe juu ya boksi. Kanuni za Umoja wa Ulaya zilizoanza kutumika tarehe 20 Juni 2025 zimeweka kipimo cha angalau miaka 5. Hakuna sababu mnunuzi wa Mwanza au Kisumu apewe pungufu ya hapo. Idai kila programu isiyo ya lazima iweze kufutwa na mnunuzi mwenyewe. Na kwa anayetaka kubadili mfumo, idai aweze kuifunga tena butiloda kwa ufunguo wake mwenyewe, jambo ambalo simu za Pixel zinaliruhusu tayari. Huo ndio umiliki: kuchagua kinachokaa ndani ya simu yako, na bado mlango ukafungika.

Madai haya yanahitaji vyama vya watetezi wa walaji, waandishi wa habari, wabunge na wanunuzi wanaorudisha simu mbovu dukani na kudai risiti iheshimiwe. Ni kazi ndefu kuliko mbofyo mmoja. Lakini anayemshauri mwenye simu moja airuti anamtwisha peke yake deni la kampuni iliyomuuzia simu isiyokamilika, na deni hilo tunapaswa kulipeleka kwa aliyelikopa.